Mwalimu Aliyepita na Sikio

Mwalimu wetu wa kwaya alikuwa mtu mpole, na upole huo ndio sijamsamehe. Angekuwa mkali, mtu wa kufoka na kurusha vitabu, ningemsahau kama nilivyowasahau wakali wengine wote walionipitia. Lakini yeye alinyamazisha watu kwa sauti ya chini, kofia mkononi, akikuuliza kwanza kama watoto hawajambo.

Nimeshauriwa nisiandike habari zake nikiwa na hasira. Nimengoja hasira iishe, haikuisha, na sasa ninavaa miwani ya kushonea na miwani nyingine ya kuonea watu. Nikiendelea kungoja nitakufa nayo. Basi nitaandika nayo hivyo hivyo.

Mchana alifundisha hesabu shule ya msingi. Jioni za Jumanne na Alhamisi alikuwa wetu, watu thelathini na sita wa kwaya ya kanisa letu la mjini Machakos: makarani, wauguzi, wauza nguo, na mimi fundi wa cherehani kwenye baraza la duka karibu na soko. Hakuna hata mmoja wetu aliyesomea kuimba. Tulifika kutoka kazini na njaa zetu, tukapanga viti, naye akaingia saa kamili na suti yake ya kahawia, viatu vimepigwa rangi mpaka kwenye kisigino.

Mfukoni mwa koti, pale wenzake walipoweka kalamu, aliweka uma wa sauti, kile chuma cha meno mawili ambacho ukikigonga hulia noti moja. Alikigonga gotini, akakileta sikioni, kisha akatupa do kwa mluzi mwembamba. Hakuimba. Miaka yote niliyomjua sikuwahi kumsikia akiimba ubeti mmoja. Wimbo mpya aliuandika kwa do-re-mi nyuma ya kalenda za zamani na kuubandika ukutani, kwa hiyo nyimbo za Pasaka tulizisoma mgongoni mwa mwezi wa Septemba. Mwandiko wake ulikuwa mzuri kuliko wa mtu yeyote ninayemjua, hilo sitamnyima.

Sasa nieleze kazi aliyoiita kupita na sikio. Mara moja kwa mwezi, wimbo ukishashika, alituambia tufumbe macho ili tuyaone maneno. Tulifumba, tukaimba, naye akapita polepole katikati ya safu, akiinamisha sikio kwenye kila mdomo kama mpishi anayesikiliza kama chungu kimeanza kuchemka. Akikuta sauti asiyoitaka hakusema neno. Aligonga uma na kuuweka begani kwako ungali unatetema. Mtetemo ule huingia mpaka kwenye mfupa. Na kwa kuwa wote wamefumba macho, ukiguswa unajua peke yako.

Mimi niliguswa mwezi wangu wa tatu, mwanzoni mwa miaka ya tisini. Baada ya mazoezi aliningoja mlangoni.

“Mama Mwikali, watoto hawajambo?”

“Hawajambo, Mwalimu.”

“Hiyo sare imekukaa vizuri sana. Utabaki na sisi, safu ya nyuma, hapo katikati. Wewe fungua mdomo, pumua, uwe na uso ya furaha. Lakini sauti, hiyo tuachie sisi.”

“Kwani iko na shida gani?”

“Haina shida. Iko tu na ukubwa. Na usiambie mtu, hii ni yangu na wewe. Sitaki uaibike.”

Kabla ya kuambiwa hivyo sikuwa nimeaibika. Nilikuwa mwanamke wa miaka thelathini na moja aliyetoka kazini akaja kuimba. Nilitoka pale mlangoni nikiwa na aibu mpya kabisa, na nikamshukuru.

Watu huniuliza kwa nini sikuondoka. Ni rahisi kuuliza. Sare zote thelathini na sita nilizishona mimi. Nilipenda kusimama ndani ya sauti za watu, hata kama yangu haimo. Halafu yeye mwenyewe alinifanya nijione nimepewa kazi ya maana: kwaya ilihesabiwa vichwa kwenye mashindano, na majaji walipenda safu zilizojaa. Nikafungua mdomo miaka sita. Nikawa hodari. Nilijua mahali pa kuvuta pumzi, mahali pa kuinua nyusi, na kwenye amina ya mwisho nilikuwa nikifumba midomo taratibu kuliko wote.

Aibu haikubaki kanisani. Ilinifuata nyumbani, ikakaa jikoni. Niliacha kuimba nikiosha vyombo. Niliacha kuimba nikishona, na cherehani bila wimbo ni kelele tupu. Mtoto wangu wa pili nilimlaza kwa kumpigapiga mgongo, kimya, kwa sababu niliogopa mume wangu aliye chumba cha pili asije akasikia. Mtoto huyo sasa ni mtu mzima, na hajui wimbo hata mmoja kutoka kwangu. Hesabu yangu na Mwalimu ilianzia hapo.

Lakini iliyo kubwa ni ya mama yangu.

Mama aliishi Kathiani, na alikuwa mwimbishaji wa mwethya, kile kikundi cha kina mama wanaochimbiana mashamba kwa zamu. Walichimba matuta ya fanya juu, yale ambayo udongo hutupwa upande wa mlima ili mvua isiubebe, na matuta hayachimbiki bila wimbo. Wimbo ndio unaoinua majembe ishirini pamoja na kuyashusha pamoja. Asiyeimba hupiga jembe peke yake na hatimaye humkata mwenzake mguu. Mama aliuanzisha wimbo, wao wakaitikia, na sauti yake ilivuka bonde ikasikika ng’ambo. Kwa Kikamba mtu wa namna hiyo huitwa ngui, na heshima yake si ndogo.

“Nikienda, hii kazi nitaachia nani?” aliniuliza kila nilipokwenda kumwona.

“Mwaitu, mimi siko na sauti.”

“Nani amekuambia?”

Sikumwambia. Ilikuwa siri yangu na Mwalimu, si ndiyo? Mama alinitazama, akarudi kuchambua maharagwe yake.

“Basi tuseme hivi,” akasema. “Siku yangu ya kuzikwa, wewe ndiye utaanzisha. Hata kama uko na sauti ya chura, nataka ni huyo chura wangu.”

Nikasema sawa. Nilikuwa ninamdanganya, na nadhani alijua.

Mwalimu mwenyewe nyimbo za mwethya aliziita kelele za jembe. Alikuwa na misemo mingi ya namna hiyo, yote imenyooka kama sare yangu. “Mungu anasikia moyo, majaji wanasikia sauti.” “Samaki mmoja akioza, kwaya yote inanuka.” Tukicheka kwenye mazoezi alingoja tumalize, kisha akasema, “Sasa tumepumzika,” na mtu alijisikia kama ameiba. Akimpita bibi kizee njiani alivua kofia. Akimpita mlevi pia alivua kofia. Mwenzetu wa sauti ya nne alipolazwa hospitali, Mwalimu alimpelekea uji kila asubuhi kwa wiki tatu kabla ya kwenda shule, na uji alikuwa ameupika mwenyewe. Ninayaandika haya kwa sababu ni kweli, si kwa sababu ninayapenda.

Jingine ninaloliandika shingo upande: siku moja nikienda Kathiani nilimwona kando ya barabara, baiskeli yake imeegemea mti, anatazama mlimani. Kule juu kina mama walikuwa wakichimba na kuimba. Kofia ilikuwa mkononi. Aliponiona aliivaa na kusema mnyororo umetoka. Mnyororo ulikuwa mahali pake, niliuona kwa macho yangu.

Mama alifariki mwaka ule wa mvua isiyokatika. Desturi ya kwaya yetu ni kuwa mwanachama akifiwa na mzazi, wote huenda kuimba. Mwalimu alikuja nyumbani jioni ile ile, akakaa na sisi, akapanga kila kitu. Nami nikashukuru tena, Mungu anisamehe. Nilijiambia: wao wataimba, hakuna atakayekumbuka nilichomwahidi marehemu.

Yaliyotokea njiani siku ya mazishi alinieleza baadaye Ndinda, muuguzi, aliyesimama kushoto kwangu safu ya nyuma miaka yote ile. Magari yalikuwa mawili, basi dogo lililofunikwa na lori dogo la wazi. Mwalimu aligawa watu mwenyewe, majina kwenye karatasi. Sauti nzuri aliziweka ndani ya basi, zisipate upepo na mvua kooni. Waliobaki aliwapandisha lori. Hawakujua wamegawanywa kwa nini. Walidhani ni kwa mitaa wanayokaa. Yeye akapanda mbele ya lori na dereva, ili atangulie kupanga mahali pa kusimama.

Pale kwenye mto, kabla ya kupanda kwetu, maji yalikuwa yamefika barabarani. Lori likapita. Basi likazama kwenye tope mpaka mlangoni, na sauti nzuri zote zikabaki humo, kavu kabisa. Mchimba kisima huingia mwenyewe.

Mimi nilikuwa nimekaa mbele na familia, leso kichwani, jeneza liko kwenye kamba. Nikawaona wanakwaya kumi na wanne wanapanga mstari, wameloa, sare nilizozishona zimewagandama. Mchungaji aliona wakati unakwenda na mawingu yanarudi, akasema kwaya ianze. Mwalimu alitazama barabara mara mbili. Hakukuwa na kitu. Akagonga uma gotini, akapiga mluzi wake, akainua mkono.

Midomo kumi na minne ikafunguka, na hakuna kilichotoka.

Sijui nieleze vipi. Walikuwa wakiimba kwa nyuso. Nyusi ziliinuka pale zinapotakiwa kuinuka. Vifua vilijaa pumzi. Walitabasamu lile tabasamu la huzuni alilotufundisha kwa ajili ya mazishi. Kila mmoja alikuwa akingoja jirani yake aimbe, maana kila mmoja alijua mbovu ni yeye peke yake. Mwalimu akashusha mkono, akauinua tena kwa nguvu zaidi. Wakafungua midomo zaidi. Mbuzi akalia huko nyuma ya jiko. Mzee mmoja karibu nami akamwuliza mwenzake, “Hawa wanaomba?”

Mimi nilikuwa wa kwanza kuelewa, kwa sababu kati ya wanakwaya mimi pekee nilikuwa ninawatazama kwa mbele. Niliutazama mdomo wa Ndinda. Miaka sita nilikuwa nikiionea wivu sauti yake, ile iliyoingia sikio langu la kushoto tamu kama asali, kumbe si yake, ni ya mtu mwingine huko mbele. Naye, aliniambia, alikuwa akiionea wivu yangu. Nikatazama wa pili, wa tano, wa kumi na nne. Wote wameguswa. Wote wameambiwa ni siri. Wote walikwenda nyumbani wakanyamaza jikoni kwao, na mama zao wakazeeka wakiwasubiri.

Kilichonisimamisha si ujasiri, na wala si upendo, ingawa ningependa kusema ni upendo. Ilikuwa hasira. Ilinijaa mpaka kwenye meno. Nilisimama nikaufungua mdomo na wimbo wa mama wa kuchimba matuta ukatoka, ule wa Kikamba unaouambia udongo upande juu, upande juu, mvua isikupate. Ulitoka mbaya. Ulitoka mkubwa, umekwaruza, umeanzia mahali ambapo hakuna mtu mwenye akili angeanzia. Mstari wa pili niliimba peke yangu. Mstari wa tatu kina mama wa mwethya, waliokuja na majembe yao kwa heshima ya mwenzao, wakaitikia. Halafu Ndinda. Halafu wale kumi na watatu, kwa sauti zao zilizokaa ndani miaka yote hiyo kama nguo za sanduku. Vijana wakashika koleo, udongo ukaanza kushuka kwa mapigo. Mama alizikwa kwa kipimo cha jembe. Nilimtimizia, lakini hakunisikia, na hilo hakuna wa kunirudishia.

Mwalimu alisimama kando mkono wake ukiwa umesahaulika hewani. Tulipomaliza alinijia, kofia kifuani. Nikadhani sasa atasema. Neno moja tu lingetosha. Sikutaka asifu, nilitaka aseme, nilikosea.

“Pole sana kwa mama,” akasema. Kisha akainama kidogo. “Lakini hiyo wimbo umeanzia juu sana. Siku ingine ushuke kidogo, ndio watu wa sauti ya nne wapate mahali.”

Mbele ya kaburi la mama yangu. Udongo ukiwa bado umelowa.

Hapo ndipo nilipoanza kulipiza, na sitajifanya kuwa sikufurahia. Niliacha kwaya, nikahamia benchi la mbele kabisa, upande wake. Kila Jumapili Mwalimu alipogonga uma, mimi nilikuwa nimeshavuta pumzi. Mkono wake ukiwa bado unapanda, nilianza. Kanisa zima lilinifuata, kwa kuwa kanisa hufuata anayeanza, na kwaya ikabaki inatukimbilia nyuma kama watu waliokosa gari. Nilifanya hivyo mwezi baada ya mwezi. Nilivaa nguo nzuri nikaenda kufanya hivyo. Mchungaji alituita ofisini tupatane; nikasema nimemsamehe, nikiufungua mdomo vile alivyonifundisha, bila chochote ndani.

Wale kumi na wanne walimtoka mmoja mmoja. Hakuna aliyegombana naye. Waliacha tu kuja Jumanne, na Jumamosi wakaonekana Kathiani, kwenye mwethya, wengine hata jembe hawajui kulishika, Ndinda na mikono yake ya hospitalini imetoka malengelenge. Kina mama walinipa nafasi ya mama. Walisema ngui hachaguliwi kwa uzuri, huchaguliwa kwa kutoogopa kuwa wa kwanza.

Kwaya ikabaki na watu ishirini na mmoja, wote wenye sauti nzuri. Kwenye mashindano yaliyofuata waliimba vizuri na wakashindwa. Ndinda alikuja kuniambia nikiwa nashona kola. Nilicheka mpaka nikajidunga sindano.

Nisije nikamdanganya mtu kwamba sauti yangu ilikuja kuwa nzuri. Nimeisikia. Harusi moja walirekodi kaseti, wakaniletea. Niliifungia mlango nikasikiliza. Sauti nene, inachelewa, na kwenye noti za juu kuna kitu kinachokatika kama kitambaa kibovu. Nilikaa nayo mapajani, ile aibu ya zamani ikanirudia. Halafu nikaufikiria uso wa Mwalimu akiisikiliza kaseti hiyo, nikairudisha mwanzo, nikaongeza sauti, na jirani akasikia. Tangu hapo sikujali tena. Aibu na hasira hazikai kwenye koo moja, na mimi nilikuwa na akiba ya hasira. Wengine wameponywa na sala. Kila mtu na dawa yake.

Siku moja, tukirudi kutoka shambani, Ndinda alisema, “Umewahi kumsikia Mwalimu akiimba?”

“Hapana.”

“Labda na yeye aliguswa. Zamani, na mtu mwingine.”

“Hata kama,” nikamwambia. “Mimi sikuwa huko kumgusa.”

Miaka ikapita. Kanisa likanunua kinanda cha umeme, vijana wakaletwa, na Mwalimu akashukuriwa kwa saa ya ukutani. Sukari ikampata, ikaanza na vidole vya miguu. Mimi habari zake nilizipata barazani kwangu, maana fundi wa nguo husikia yote, na sikuuliza swali hata moja.

Halafu ikaja Alhamisi ya zamu ya kutembelea wagonjwa. Kina mama wa kanisa huenda wanane hivi, na unga, sukari kidogo kwa wenye nyumba, na maombi. Na huimba, mgonjwa akichagua wimbo. Jina lake lilisomwa kwenye orodha. Wenzangu wakanitazama. Nikasema mimi ninakwenda, na Ndinda akaniambia kwa sauti ya chini, “Usifanye kitu huko.”

Nyumba yake iko juu, upande wa Iveti, mahali ambapo hata baiskeli husukumwa. Walikuwa wamemwekea kitanda sebuleni. Vikombe vya mashindano vilikuwa vimepangwa juu ya kabati, kimoja kina vijiko, kimoja kina vitambaa vya meza. Redio ilikuwa ikisema chini chini. Yeye alikuwa amekwisha. Suti ya kahawia ilining’inia ukutani ikiwa na mwili kuliko yeye. Mkewe, mwanamke mnene mwenye utani, alituletea chai.

Aliwauliza wote kama watoto hawajambo. Akafika kwangu.

“Mama Mwikali. Watoto?”

“Wako, Mwalimu.”

Tukaomba. Msomaji wetu akasoma. Kisha kiongozi akamwuliza mgonjwa anataka wimbo gani. Mwalimu hakutaja wimbo. Alinyoosha mkono kutoka kwenye blanketi, ule mkono, akanielekezea mimi.

“Huyo aanzishe,” akasema. “Yoyote anataka.”

Niliisikia redio, na kijiko cha mkewe kikisimama ndani ya kikombe. Nilikuwa nimengoja miaka mingi kushika kitu ambacho mtu huyu anakihitaji. Na sasa nilikuwa nacho, kooni, kimeiva.

“Leo siimbi,” nikasema. “Nimekuja tu kuona mgonjwa.”

Nilisema kwa upole. Nilitabasamu hata. Ndinda aliinamisha kichwa. Mwingine akaanzisha wimbo, sauti nyembamba, wakaimba wote isipokuwa mimi, nami nikakaa nimefumba mdomo na kumtazama machoni kwa beti zote nne. Yeye pia alinitazama. Hakulalamika. Niwe mkweli: ilikuwa tamu. Nilikunywa chai yangu yote.

Tulipotoka nilisubiri mpaka tupite lango. Tulipoingia kwenye njia, mita chache tu chini ya ukuta wa nyumba, nikaanzisha. Niliuchukua wimbo wa mama na kuutupa mlimani kwa nguvu zote nilizokuwa nazo, na wenzangu, ambao chumbani walikuwa wamenuna, wakaitikia kwa sababu wimbo ule ukiuanza huwezi kuuacha upite peke yake. Nilitaka asikie anachokikosa. Nilitaka ajue kuwa sauti ipo, imejaa, na inakwenda zake. Tuliteremka nayo mpaka chini kwenye mto, na hata huko sikuipunguza.

Jumatatu mkewe alikuja barazani na suti ya kahawia ndani ya mfuko. Alitaka ipunguzwe ubavuni. Mzee ameiomba, akasema, anataka kuketi kitini Jumapili. Nikaikunjua mezani, nikaweka pini. Akajivutia kiti.

“Wewe mwanamke uko na kiburi,” akasema, lakini bila ubaya.

“Niko nacho.”

“Mlipotoka, alisikia. Akaniambia nizime redio. Akaniambia nifungue dirisha, ile kubwa, na nisiongee na yeye mpaka amalize kusikiza.”

Pini zilikuwa mdomoni, nikazitoa. “Akasema nini?”

“Hakusema kitu.”

“Hata neno moja?”

“Hata moja. Mlipofika mtoni ikapotea, nikaenda kufunga, baridi ilikuwa imeanza. Akaniambia niache. Ati labda mmesahau kitu, mtarudi.”

Nilikata uzi ambao haukuhitaji kukatwa. Nikamwambia ningejua dirisha liko wazi, ningepita njia ile nyingine.

Akacheka, mkono tumboni, kicheko ambacho nadhani hakuwa amekicheka kwa siku nyingi.

“Njia gani ingine, Mama Mwikali?” akasema. “Kwetu kuna njia moja tu.”